Nakwenda Ahmedabad wiki mbili, mji mkongwe wao una nini hasa?

Binti_Mkunazini

Assalaam alaykum wadau. Mwezi ujao mie na kaka yangu tunampeleka baba India kwa matibabu, safari hii si Chennai kama walivozoea watu, tumepangiwa Ahmedabad, Gujarat. Tutapokezana kukaa nae hospitali kwahiyo kuna masaa ntakuwa huru na mie si mtu wa kukaa chumbani nikatizama feni. Jirani yetu mmoja Bohora kanambia ukifika vuka mto uende mji wa zamani, utajiona uko Kiponda, hapa Mji Mkongwe wa Unguja. Nikamuuliza kivipi, akacheka tu.

Nimetafuta kwenye intaneti nakuta misikiti, mahekalu, Gandhi, viwanda vya nguo, kriketi, kila ukurasa kama unaeleza mji mwengine. Sasa ule mji ni wa nani khasa? Na kweli unafanana na wetu au watu wanasema tu kwa ajili ya milango? Alowahi kufika anieleze taratibu, na kama kuna pahala pa kula nitajieni mana nasikia kule nyama ni kuitafuta kwa tochi.

Mchaichai_84

Waalaykum salaam dada, Mungu amshushie mzee afya. Nimekaa Ahmedabad miaka mine nasoma, mwaka wa kwanza sikuupenda hata kidogo, joto la mwezi wa tano kule si joto la kwetu la jasho, ni joto la jiko la mkate, na vumbi. Mfalme Jahangir wa Mughal mwenyewe aliuita Gardabad, yani mji wa vumbi, kwahiyo usinione mie mkorofi.

Ushauri wangu usiende mji wa zamani mara moja ukasema nshauona. Nenda pahala pamoja panaitwa Manek Chowk mara tatu kwa siku moja. Asubuhi mapema utakuta majani yamemwagwa na ng'ombe wanalishwa, watu wanakuja kutoa majani kama thawabu. Mchana palepale ni soko la sonara, dhahabu na fedha, mizani na vijaluba. Ikishaingia usiku masonara wanafunga, meza zinatandikwa, Forodhani kabisa! Moshi, kelele, dosa, pav bhaji, na kuna mkate wanautia nanasi na jibini na chokoleti, nilicheka nikaula nikarudi kesho yake. Nyama haipo pale. Ukitaka nyama nenda kichochoro cha Bhatiyar Gali, karibu na Teen Darwaza, pale ni Waislamu, utakula mpaka usahau unaumwa nini. Na bajaji usiulize bei, mwambie dereva awashe mita.

Ule mji kaujenga Sultan Ahmad Shah mwaka 1411, ndo ukaitwa Ahmedabad, lakini hakukuta jangwa pale, palikuwa na Ashaval na Karnavati kabla yake kando ya mto Sabarmati, na mpaka leo kuna wanasiasa wanataka jina lirudi Karnavati. Sasa hiyo Manek ni jina la mtu mtakatifu wa Kibanyani, Maneknath. Hadithi yao wanasema Ahmad Shah alipokuwa anajenga ukuta, Maneknath alikuwa anasuka mkeka, mchana anasuka na ukuta unapanda, usiku anaufumua mkeka na ukuta wote unaanguka. Mafundi wakawa wanajenga kila siku hawamalizi. Sultani akamwita, akamwambia kama kweli una uwezo ingia ndani ya chungu hichi, akaingia, wakakiziba. Halafu soko zima likapewa jina lake na kaburi lake liko palepale. Muislamu kajenga, Banyani kaua ujenzi, na jina limebaki la Banyani katikati ya mji wa Muislamu. Kwahiyo ukiuliza ni wa nani, jibu ndo hilo, haliishi.

Wete_Halisi

Yakhe huyo Maneknath angekuwa kwetu Pemba mama yangu angeshamtoa mbio. Ukili unavokuwa ghali skuhizi afu wewe usiku unafumua 😂

Baharia_Mstaafu

Binti, naitikia salamu. Mie mtu mzima, nimefika bandari nyingi za upande ule, Mandvi, Mundra, Porbandar, Bombay, Ahmedabad nimepita kwa gari moshi tu kwani haiko pwani. Hapo ndo nataka nisahihishe kitu. Huyo jirani yako kasema Kiponda na watu watafikiri Wahindi wetu walitoka Ahmedabad. Wengi hawakutoka huko. Walitoka Kachi na Kathiawar, pwani ya Gujarat, watu wa bahari. Jairam Shivji aloshika forodha ya Unguja enzi za Said bin Sultan kwao Mundra, Kachi. Tharia Topan aloijenga ile nyumba ya zahanati ya zamani pale Malindi mbele ya bandari, nae Mkachi. Ahmedabad ulikuwa mji wa ndani wa wafumaji na wakopeshaji, nguo zinatoka bara zinashuka pwani, pwani zinapakiwa jahazini zinakuja na kaskazi. Kaniki walizovaa bibi zetu zilikuwa nguo za upande ule zilotiwa nili.

Wenyewe Ahmedabad wana msemo wao kwamba mji wao umening'inia kwenye nyuzi tatu, ya dhahabu, ya hariri na ya pamba. Sisi tungesema uzi mmoja wa karafuu na umeshalegea.

Ila Mabohora sawa, hao Ahmedabad wanayo ziara yao, Saraspur kwenye kaburi la Qutbuddin Shahid, aliuliwa mwaka 1646 wakati Aurangzeb ndo gavana wa Gujarat. Jirani yako nadhani alikuwa anafikiria huko.

Kijana_wa_Vikokotoni

Mie nlisikia msikiti maarufu kuliko yote Ahmedabad umejengwa na mtu mweusi kutoka Zanzibar, Sidi Said, ndo mana wanatupenda. Kuna ukweli??

Mchaichai_84

@Kijana_wa_Vikokotoni nusu. Sidi Saiyyed alikuwa Mhabeshi, si Mzanzibari, tusijitie. Wahabeshi walikuwa wengi kwenye jeshi na serikali za masultani wa Gujarat, wengine waliletwa watumwa wakapanda mpaka wakawa maamiri wenye askari wao wenyewe. Msikiti wake umemalizika kama 1572 hadi 1573, na mwaka huohuo Akbar, mfalme wa Mughal, akaingia, usultani wa Gujarat ukaisha. Yani ni kama jengo la mwisho la utawala wenyewe.

Si mkubwa dada, utaupita ukafikiri ni banda la basi, uko kwenye makutano ya barabara, honi kutwa. Zunguka nyuma, ukuta wa kibla, utizame juu. Kuna madirisha ya nusu duara yametobolewa jiwe likawa kama lesi. Moja lina mti, shina linapanda, matawi yanajisokota, na katikati yake mnajificha mtende. Jiwe! Nlikuwa nakwenda pale Jumaapili jioni jua linapozama ndani unaona kivuli cha ule mti sakafuni. Na dirisha la katikati halina kitu, limezibwa kwa jiwe tupu, kila mtu ana hadithi yake kwanini halikumalizwa. Waingereza walipokuja waliufanya ofisi ya serikali, wakapaka chokaa, baadae Lord Curzon, mtawala wa Kiingereza wa India, ndo akaamrisha urudishwe msikiti. Leo ule mti uko kila pahala, nembo ya chuo chao kikubwa cha biashara imetoka pale. Kwahiyo alama ya mji wa Gujarat ni kazi ya Muafrika, hilo ndo sahihi, na linatosha.

Halafu wapo Masidi mpaka leo Gujarat, watu wa asili ya Afrika, wanazungumza Kigujarati kama wengine, na ngoma yao wanaiita goma. Goma! Siku ya kwanza nlipoisikia hiyo neno nlisimama barabarani. Kaburi la walii wao Bava Gor liko Ratanpur.

Bi_Mshelishelini

Mimi nnataka kumjibu binti kuhusu kufanana. Nimekwenda mara mbili na marehemu mume wangu. Usitizame milango, milango kila mtu anaitizama. Tizama chini ya mlango. Kule mji wa zamani umegawika vitaa vidogovidogo wanaviita pol, kila pol ina lango lake moja la kuingilia na zamani usiku linafungwa, juu ya lango kijumba cha mlinzi. Ndani vichochoro vinajikunja, pengine unapita upande upande kama umebeba kapu. Nyumba za mbao, ghorofa mbili tatu, nguzo na mabano yamechongwa kasuku na maua. Na mbele ya kila nyumba kuna kibaraza, wao wanaita otlo. Asubuhi wanawake wamekaa wanachambua mchele, jioni wazee wanasoma gazeti, yani nlikaa na bibi mmoja hatujui lugha hata neno, yeye anamenya njegere, nikachukua kisu nikamsaidia, akaniletea chai. Baraza ni baraza.

Ndani ya nyumba kuna uwanja mdogo wazi juu, na chini yake birika la kuhifadhi maji ya mvua, mana mvua kule ni miezi mitatu tu. Na nje kwenye kiwanja cha pol kuna mnara mdogo wa mbao umechongwa vizuri kama kitanda cha bibi harusi, basi huo ni wa kuwalishia ndege tu! Nlisema hapa watu walikuwa na nafasi ya moyo.

Msema_Kweli_Darajani

Mnaremba sana. Hizo pol zilikuwa na lango kwa sababu watu walikuwa wanaogopana. Kila pol kabila lake, kazi yake, dini yake. Na mji huohuo una fujo za 1969, za 1985, za 2002, ile ya 2002 Gujarat nzima walikufa zaidi ya watu 1,000 na wengi wao Waislamu. Baada ya hapo Waislamu walozagaa mjini wengi wakakimbilia Juhapura, mtaa ambao ulianza kwa watu walofurikiwa na mto 1973, leo ni mji ndani ya mji. Mwambieni binti na hilo, asije akafikiri ni Forodhani na kasuku wa mbao tu.

Mchaichai_84

Ni kweli, na siwezi kubisha mana yamenifika. Nlitafuta chumba upande wa magharibi wa mto, mwenye nyumba kwenye simu vizuri kabisa, nlipotaja jina langu kimya, halafu akasema chumba kimeshachukuliwa, nikapigiwa na rafiki yangu asiyekuwa Muislamu siku hiyohiyo kaambiwa chumba kipo. Nikahamia Juhapura na sikujuta, lakini nlikuwa najua kwanini niko pale.

Lakini ndugu yangu na hili nalo tulieleze. Teen Darwaza, lango la matao matatu la enzi ya Ahmad Shah, ndani ya tundu ukutani kuna taa ya mafuta inawaka. Hadithi yao ni kwamba usiku mmoja Lakshmi, mungu wao wa mali, alikuwa anatoka mjini, mlinzi Muislamu akamzuia langoni akamwambia subiri nikachukue ruhusa kwa sultani. Akenda kwa sultani akajikata kichwa, ili ruhusa isirudi na Lakshmi abaki akisubiri. Taa inawekwa kwa ajili yake, na wanaoitunza ni familia ya Kiislamu. Nimeiona kwa macho yangu, taa yenyewe ndogo, chini yake mtu anauza soksi. Mji ule ni huo wa taa na ni huohuo wa 2002, mie nimeshindwa kuchagua mmoja.

Na mabadiliko hayakuletwa na fujo tu. 1861 kilifunguliwa kiwanda cha kwanza cha nguo, wakaja wengine wengi mpaka ukaitwa Manchester ya India, mabomba ya moshi yamezunguka mji wote. Gandhi aliporudi kutoka Afrika Kusini 1915 alichagua kukaa hapo, ni mji wa wafumaji na matajiri wa kumsaidia, 1918 akawaongoza wafanyakazi wa viwanda kwenye mgomo, na 12 Machi 1930 akatoka kwenye ashram yake, yani makazi yake na wafuasi wake, kando ya mto akaenda kwa miguu mpaka baharini Dandi kuchukua chumvi. Miaka ya 80 viwanda vikaanza kufungwa kimoja kimoja, maelfu wakabaki mitaani, mahala pa kiwanda leo utakuta jengo la maduka. Mwenye uwezo alishavuka mto zamani kwenda kwenye flati zenye lifti na pahala pa gari. Nyumba za pol zikageuka magodauni.

Baharia_Mstaafu

Kama Mji Mkongwe baada ya 1964, mwenye nyumba kaondoka na nyumba ikaingia watu ambao hawana pesa ya chokaa. Afu leo hoteli.

Mchaichai_84

Ila ami kuna siku moja wote wanarudi. 14 Januari, Uttarayan, siku ya vishada. Walohamia flati wanarudi kwenye pol zao, asokuwa na nyumba tena anakodi paa la mtu! Mji mzima uko juu ya mapaa, uzi umetiwa unga wa gilasi, kukatana vishada, makelele, usiku wanarusha taa. Mwezi huo jihadhari na pikipiki, ule uzi unakata shingo kweli si mzaha.

Wete_Halisi

Sasa na hiyo hadhi ya urithi wa dunia ya UNESCO imesaidia mji wao? Mana sie tunayo toka 2000 na Beit el Ajaib ikaanguka Krismasi ya 2020 tunaitizama.

Mchaichai_84

Wao wamepata 2017, mji wa kwanza India kupewa. Mie niliondoka muda mfupi baadae, siwezi kusema mengi. Nlichoona ni vibao vipya.

Binti_Mkunazini

Wadau narudi kwenu baada ya wiki saba, samahani kwa kimya. Baba alhamdulillah, kafanyiwa, anatembea mwenyewe mpaka msikitini na kurudi. Nawashukuru nyote, niliyaandika yote kwenye daftari.

Nimekwenda mji wa zamani mara sita. Kwanza nkafuata ile matembezi ya asubuhi yanayoanzia hekalu la Swaminarayan, Kalupur, yanaishia Msikiti wa Ijumaa, unapita pol baada ya pol. Bi Mshelishelini nlitizama chini ya mlango kama ulivosema. Vibaraza vipo ila vingi vimeegeshwa pikipiki juu yake. Mnara wa ndege nimeuona wenye kunguru tu na sahani ya plastiki. Msikiti wa Ijumaa una nguzo 260, nlizihesabu nikafika arobaini nkachoka, minara yake ilikatika kwenye tetemeko la 1819 na vishina vimebaki viwili mlangoni. Nyuma yake kaburi la Ahmad Shah, mie mwanamke sikuruhusiwa kuingia chumba cha ndani, kaka akaingia akatoka akasema "makaburi tu". Mbele kidogo makaburi ya wake zake, Rani no Hajiro, yamezungukwa na soko la nguo za kike, mishipi, vioo, bangili, Darajani mtupu, nimenunua skafu tatu nimeegemea ukuta wa malikia.

Manek Chowk nyakati zote tatu nimekwenda, asubuhi, mchana na usiku. Mkate wa nanasi na chokoleti Mchaichai Mungu akusamehe.

Sidi Saiyyed nlimpeleka baba siku moja kabla ya kurudi, kwa bajaji, polepole. Baba yangu alikuwa fundi seremala, nakwambieni alisimama nyuma ya ule ukuta dakika ishirini, mie nahofia kifua chake na jua. Hakusema uzuri wala nini. Alikuwa anafuata kwa kidole hewani, shina, tawi, tawi, mpaka akapotea akaanza tena. Akanambia aliyechonga hichi alianza kutoboa kutoka pembeni, si kati, mana angeanza kati lingepasuka. Sijui kama kweli. Halafu akauliza lile la katikati mbona limezibwa, nkamwambia kila mtu ana hadithi yake, akasema "hadithi gani, fundi hakulipwa."

Kitu kimoja kiliniuma. Kwenye pol moja nyumba imevunjwa mbele, ndani kunawekwa zege, na nje kwenye toroli nguzo na mabano ya msaji yamelazwa yanapelekwa kwa muuza vitu vya kale, kasuku wa kuchonga kalala kifudifudi. Baba angekuwepo angelia. Nkamuuliza kijana aloshika toroli zinakwenda wapi, akanambia nyingine hotelini, nyingine nje.

Baharia_Mstaafu

Alhamdulillah kwa mzee. Ya mabano naijua, na kwetu milango imeondoka hivohivo, usiku, kwa toroli.

Bi_Mshelishelini

Mpe salamu baba. Na yule kasuku ulimuuliza bei?

Binti_Mkunazini

Nlimuuliza bi. Alitaja laki, nkasema rupia laki? Akasema ndio, laki. Neno moja lugha zote mbili, nkashindwa hata kujifanya sikuelewa.